Mkono wa Mtu wa Bata

Mama yangu aliuza maandazi karibu na njia panda ya Kidatu, na karatasi ya kufungia ilimsumbua kuliko unga. Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya 1980, sabuni ni ya kupangiwa foleni na gazeti la juzi lina bei yake. Baba alikuwa dereva kwenye mradi wa bwawa la umeme, ule wa Mto Ruaha Mkuu uliojengwa kwa msaada wa Waswidi. Mmoja wa mainjinia alipomaliza mkataba wake alimwachia baba kiti cha kukunja, sufuria mbili na boksi la magazeti ya mwanawe. Kiti alikalia baba. Sufuria na boksi vikaenda kwa mama. Ila usiku boksi lilikuwa langu.

Yalikuwa magazeti ya Kalle Anka & C:o, yaani Donald Duck kwa Kiswidi, ambayo Waswidi wamekuwa wakiyachapa tangu 1948. Kiswidi sikukijua na hadi leo sikijui. Nilichokiona ni bata mwenye shati la baharia asiye na suruali, mwepesi wa hasira, anayelea watoto watatu ambao si wake. Hilo la mwisho halikuhitaji mkalimani. Kwetu kila nyumba ilikuwa na watoto wa ndugu. Wenzangu walimwita Bata Hana Kaptula. Mjomba wake tajiri, mwenye miwani na kofia ndefu, tulimwita Mzee Bahili, na wale watoto tuliwapa majina ya Moja, Mbili na Tatu kwa sababu hatukuweza kuwatofautisha.

Kila asubuhi kabla ya shule nilitakiwa kuchana kurasa za kufungia, nami nilichana kwa mpango. Nilianza na matangazo, nikaja kwenye barua za wasomaji, kisha hadithi zilizokuwa mbovu. Maana hazikuwa sawa hata kidogo. Bata ni yule yule, shati ni lile lile, lakini kwenye hadithi fulani alikuwa kinyago kilichovalishwa nguo, na kwenye nyingine alikuwa mtu mzima mwenye matatizo yake. Mabega yakishuka hivi unajua kafukuzwa kazi. Kidole kikinyanyuka hivi unajua anaanza kudanganya watoto. Nikatambua kwamba wachoraji ni zaidi ya mmoja, na kwamba kati yao yuko mmoja ambaye mkono wake ni mwingine kabisa. Ni kama pilau. Mtu akionja tonge moja tu anakwambia huu ni mkono wa fulani, na hakosei.

Jina la mwenye mkono ule halikuwapo popote. Juu ya kila hadithi palikuwa na jina moja tu, Walt Disney. Kwa akili za miaka 10 niliamua kwamba basi ndiye yeye, ila siku nyingine anachora akiwa na homa.

Nilikuja kumjua mwaka 2002, kwenye kibanda cha intaneti mjini Morogoro, nikiwa nimelipia nusu saa. Anaitwa Carl Barks. Alifariki tarehe 25 Agosti 2000, akiwa na miaka 99. Nilikuwa nimechelewa kwa miaka 2.

Nusu saa ile ikawa saa mbili, na sehemu kubwa nilikuwa nacheka peke yangu, maana maisha ya mtu yule yalikuwa ya bata wake mtupu. Alizaliwa tarehe 27 Machi 1901 kwenye shamba la nafaka karibu na mji mdogo wa Merrill, jimbo la Oregon, Marekani. Surua ya utotoni ilimharibu masikio, na uziwi ukazidi kadiri alivyokua. Alimaliza darasa la nane mwaka 1916, mwaka ule ule aliofiwa na mama yake, na huo ndio ukawa mwisho wa shule, kwa sababu sekondari ilikuwa mbali na masikio hayamsaidii. Baada ya hapo alifanya kila kazi. Alilima, alikata miti, aliendesha nyumbu, wale chotara wa punda na farasi, alichunga ng'ombe, alijaribu kiwanda cha uchapaji San Francisco, kisha akaishia kwenye karakana ya mabehewa ya reli kule Roseville, California, akigonga ribiti. Alioa, akapata mabinti wawili, ndoa ikavunjika. Usiku alikuwa anachora vichekesho na kuvituma kwa posta.

Vichekesho vyenyewe havikuwa vya watoto. Jarida lililomnunulia, Calgary Eye-Opener la Minneapolis, lilikuwa la utani wa watu wazima, wa aina ambayo baba anaficha chini ya godoro. Mwaka 1931 alihamia huko kulifanyia kazi, na mwishowe akawa mhariri anayeandika sehemu kubwa ya jarida yeye mwenyewe. Nadhani ni huko alikojifunza kubana kichekesho kikaenea kwenye kisanduku kimoja. Mtu aliyewahi kuchekesha walevi kwa mistari miwili hawezi kuchosha watoto.

Mwishoni mwa 1935 aliingia studio ya Disney kule California kwa mshahara wa dola 20 kwa wiki. Kazi aliyopewa ni ya kuchora zile picha za katikati, yaani mkubwa anachora mkono ukiwa chini na mkono ukiwa juu, wewe unajaza njia yote iliyobaki. Ni kazi ya kuua roho. Kilichomwokoa ni wazo la kiti cha kinyozi kinachojiendesha chenyewe, kinachomgeuza bata kichwa chini miguu juu, kikamnyoa makalio na kumpiga kiwi usoni. Studio ililinunua wazo hilo kwa dola 50, likaingia kwenye filamu ya 1937, naye akahamishiwa idara ya hadithi. Hapo napo masikio yakawa kikwazo, kwa kuwa hadithi zilitungwa mezani kwa kupiga kelele, na yeye nusu ya kelele hizo hakuzisikia.

Mwaka 1942 yeye na mwenzake Jack Hannah walipewa kuchora kitabu cha kurasa 64 kuhusu bata na hazina ya maharamia, wakagawana nusu kwa nusu. Mwezi Novemba mwaka huo huo aliacha kazi. Viyoyozi vya studio vilikuwa vinamuumiza pua, na mambo ya vita alikuwa ameyachoka. Alihamia San Jacinto, kwenye joto na vumbi, akiwa na mpango mmoja wa maana: kufuga kuku. Ili apate hela ya kula wakati anawasubiri kuku, akaomba kazi kwa kampuni ya Western Publishing, iliyokuwa inachapa vitabu vya katuni vya Disney.

Kuku hawakumlipa. Bata walimlipa, kwa namna yao, kwa miaka zaidi ya 23.

Hadithi ambayo mama hakuwahi kuigusa, kwa sababu niliificha chini ya mkeka, ni ile ya mayai ya pembe nne. Baadaye nilijua ilitoka mwaka 1949. Bata ni mfagiaji kwenye jumba la makumbusho, yule wa chini kabisa. Anafuta vumbi mawe fulani ya mraba kutoka Peru, moja linamponyoka, linapasuka. Ndani mna kiini. Kumbe ni mayai! Wataalamu wanapagawa, msafara unaundwa, meli inang'oa nanga. Njiani mkuu wa msafara anatamani kimanda. Anamwagiza msaidizi wake, msaidizi anamwagiza wa kwake, amri inateremka hadi kwa bata, na bata anawasukumia wapwa. Sikuelewa neno hata moja, lakini ule mstari wa vidole, kila mmoja akimnyooshea aliye chini yake, niliuelewa bila shida. Baba alikuwa dereva wa mradi.

Mayai yenyewe ni ya kale, wakubwa wote wanaugua tumbo, na uongozi unamwangukia bata. Kule milimani, kwenye bonde lililojaa ukungu, wanakuta nyumba za mraba, watu wa mraba na kuku wa mraba, na kitu chochote cha mviringo ni kosa. Wapwa wanapuliza mapovu ya bigijii, mapovu ni mviringo, hukumu ni kuvunja mawe maisha yao yote, na wanaokoka kwa kufanikiwa kupuliza mapovu ya mraba. Mwishoni wanarudi nyumbani na kuku wawili, watu wakisubiri mayai yanayopangika kama matofali. Ndipo inagundulika kwamba kuku wote wawili ni majogoo.

Nilicheka mpaka mama akaamka. Kidatu hapakuwa na mtoto ambaye kwao hawajawahi kuuziwa jogoo wakiambiwa ni tetea. Na sasa, nikijua kwamba aliyeichora hadithi ile alikwenda San Jacinto na ndoto ya kuku, nacheka mara ya pili, cheko tofauti kidogo.

Wazo langu kuhusu uziwi wake ni hili, na mtu akinibishia sawa tu. Mtu asiyesikia vizuri hutazama. Anatazama mabega, nyusi, vidole, jinsi mtu anavyogeuza mgongo. Barks alikuwa mwandishi mzuri sana, wanaosoma Kiingereza wananihakikishia hivyo, lakini mimi nilimsoma kwa miaka minne bila neno, na hakuna hadithi iliyonipita. Ukifunika viputo vya maneno, picha zake bado zinaongea. Jaribu na katuni yoyote uliyonayo nyumbani uone ni ngapi zinazofaulu.

Alilipwa mwanzoni dola 12.50 kwa ukurasa.  Mwaka 1953 jarida kuu lililokuwa na hadithi zake lilikuwa linatoka nakala zaidi ya milioni 3 kwa mwezi, na yeye hakuwa na fungu lolote katika mauzo, wala jina lake halikuandikwa. Watoto wa Marekani walikuwa wanafanya hesabu ile ile niliyoifanya Kidatu. Walimtambua kwa mkono, na kwa kuwa hawakuwa na jina la kumwita, walimwita mchoraji mzuri wa bata. Niliposoma sentensi hiyo pale Morogoro niligeuka kutafuta mtu wa kumwambia. Kijana wa kibandani akadhani muda wangu umekwisha.

Mzee Bahili naye ni wa mkono wake. Alimwumba mwaka 1947 kwa ajili ya hadithi moja tu ya Krismasi, mzee wa kukaa kwenye jumba kubwa akichukia watu, basi. Lakini mzee alikataa kuondoka. Kufikia 1952 alikuwa na kitabu chake mwenyewe, na ghala la sarafu ambamo anapiga mbizi kama nguru. Miaka ile ile, 1951, ndoa ya pili ya Barks ilivunjika baada ya miaka ya ulevi wa mkewe, naye akaondoka karibu mikono mitupu, na meza yake ya kuchorea na magazeti yake ya National Geographic. Akiwa katika hali hiyo ndipo alipochora tajiri anayeogelea kwenye hela. Na kichekesho cha ndani ni kwamba mzee yule, pamoja na ghala lake, hana raha. Kila ukurasa anahangaika asiibiwe. Sijui mchoraji mwingine aliyekejeli utajiri hivyo akiwa hana senti.

Hayo magazeti ya National Geographic yana hadithi yake. Alichora Peru, Tibet, jangwa na barafu, mpaka na ngazi za mawe zilivyokatwa, na hakuwa amewahi kuvuka bahari. Mara nyingine aliitangulia dunia. Mwaka 1949 aliwafanya bata waibue mashua iliyozama kwa kuijaza mipira ya tenisi ya mezani. Mwaka 1964 meli iitwayo Al-Kuwait ilizama bandarini Kuwait ikiwa na maelfu ya kondoo, mizoga ikahofiwa kuchafua maji ya kunywa ya mji, na mvumbuzi wa Denmark, Karl Krøyer, akaiinua kwa kusukumia ndani yake vitufe vyepesi vya plastiki. Wapenzi wa bata hawachoki kuisimulia hiyo, nami ni mmoja wao.

Alipotoka hatua moja nje ya yale magazeti, aliteleza. Kuna hadithi ya 1949 ambayo mfu anayetembea kutoka Afrika anatumwa kumwandama Mzee Bahili, akamfuata bata kimakosa. Nilikutana nayo nikiwa mtu mzima, na nilikifunga kitabu. Midomo, pete za pua, lugha ya kubwabwaja, kila kitu kilichokuwa kwenye kapu la wachoraji wa wakati ule kimo. Machapisho ya baadaye yaliifanyia marekebisho. Kinachoniumiza ni kwamba kiini chake kina ukweli ambao vitabu vya watoto vya wakati huo havikuuthubutu: utajiri wa mzee umetokana, kwa sehemu, na kuwapora wanakijiji wa Afrika ardhi yao kwa kutumia wahuni wa kukodi, na wanakijiji wanadai. Aliuona wizi, lakini walioibiwa hakuwaona. Mwaka 1971 Ariel Dorfman na Armand Mattelart, wakiwa Chile, waliwashtaki bata hawa wote kuwa wahubiri wa ubeberu. Wana hoja. Ila kwa hadithi ya majogoo sitawapa kura yangu.

Wahariri walimkata pia, kwa sababu nyingine. Mwaka 1953 alichora Mzee Bahili akirudi Klondike, kwenye theluji alikochimba dhahabu ujanani, na kukutana na mwanamke aliyewahi kumwibia dhahabu na, tunaachiwa tukisie, moyo. Kurasa za ugomvi wa baa zikaondolewa, eti ni kali mno kwa watoto. Mwaka uliofuata alimwoa Garé, mchoraji wa mandhari, na kutoka hapo herufi ndani ya viputo vingi ni zake, na sehemu ya wino pia. Kwa hiyo mkono niliodhani ni mmoja ulikuwa miwili. Hilo sikulitambua, nakiri.

Barua za wapenzi zilianza kumfikia mwaka 1960. Mojawapo ilitoka kwa kijana aitwaye John Spicer, na Barks alidhani ni rafiki anamtania. Alikuwa na miaka 59, amechora kurasa maelfu, na hakuweza kuamini kuwa kuna msomaji anayetaka kujua yeye ni nani. Alistaafu mwaka 1966. Mwaka 1971, kwa ruhusa ya Disney, akaanza kuchora bata kwa rangi za mafuta kwenye turubai. Picha ya kwanza aliiuza dola 150. Kisha mwaka 1976 ruhusa ikafutwa kwa muda, kwa sababu ya watu waliochapa nakala bila idhini. Mwaka 1994, akiwa na miaka 93, alipanda ndege na kuzunguka nchi 11 za Ulaya. Ndiyo safari yake ya kwanza ya kuvuka bahari. Waswidi, Wafini, Wadenmaki walipanga foleni kumshika ule mkono.

Nami nilikuja kuwa mchoraji. Si wa bata. Wa mbuzi, bodaboda na mbu. Nasi tulikuwa na walimu wetu, gazeti la Sani likifika Kidatu na Ndumilakuwili na Lodi Lofa wake lilisomwa mpaka likalainika kama kitambaa, na hilo mama hakulipata kamwe. Mwaka 2006 nilichora kitabu cha kurasa 24 kuhusu chandarua, kwa ajili ya shirika ambalo sitalitaja. Kikachapwa, kikagawiwa shuleni, na nyuma yake palikuwa na nembo tano na majina ya waratibu. Langu halikuwapo. Nilipouliza, nikajibiwa kwa upole kwamba nafasi ilikuwa imejaa.

Binti yangu alikileta nyumbani kwenye mkoba wa shule, hajui chochote. Akakiweka mezani akaniambia, "Baba, huyu mbu ni wako."

"Umejuaje?"

"Si anashika kiuno kama bibi."

Jumapili yake nilikwenda kumwona bibi mwenyewe. Nilibeba ule ukurasa wa majogoo, uliokuwa umebaki na doa la mafuta kubwa kama kiganja, ambao chini yake niliandika kwa penseli, siku niliyorudi kutoka Morogoro, *Carl Barks*. Nikamsimulia yote, uziwi, ribiti, kuku, kila kitu. Mama alisikiliza huku akichagua mchele. Nilipofika kwenye ujira akainua uso.

"Shilingi ngapi kwa karatasi moja?"

"Dola kumi na mbili na nusu, mama. Na pesa ya zamani hiyo, ilikuwa na nguvu."

Akaacha ungo. Akaanza kuhesabu kwa vidole, midomo ikicheza, boksi zima, asubuhi baada ya asubuhi, andazi moja shilingi moja.

"Haya mwanangu," akasema. "Basi watu wa Kidatu wamefaidi."